Dada Aligombea Udiwani Ireland

Dada yangu aliponipigia simu kuniambia anagombea udiwani, nilicheka mpaka nikakaa chini kwenye ngazi. Nilikuwa ndiyo kwanza nimetoka zamu kwenye ghala la mizigo kule Malton, Kanada, mabuti ya kazi bado miguuni, nikadhani ananitania.

"Udiwani wa wapi?"

"Wa hapa nilipo," akasema.

Hapo alipo ni kijiji cha Ireland, mbali na miji yote utakayoiona kwenye televisheni. Kuna kanisa, shule, baa mbili, na ng'ombe wengi kuliko watu. Dada anahudumia wazee majumbani. Kila asubuhi anapita na gari lake kwenye vile vijia vyembamba, anaingia nyumba hii na ile, anawaamsha wazee, anawaogesha, anawavalisha, anawakorogea chai. Wengine walipofariki amewafumba macho kwa mikono yake mwenyewe. Kule sheria inamruhusu mkazi yeyote kuchagua na kuchaguliwa kwenye halmashauri, hata kama si raia. Mimi huku Kanada sijapata uraia, kwa hiyo siruhusiwi hata kumchagua diwani wa mtaa wangu wa Brampton, sembuse kugombea. Nilimwonea wivu kidogo, sitaficha.

Nikamuuliza anataka nini kwenye siasa za watu.

"Nataka kujua," akasema. "Miaka yote hii wananiita mtu wao. Kila nyumba, wewe ni wetu, wewe ni wetu. Haya. Wakinipa kura, nabaki hapa mpaka wanizike. Wakininyima, nitakuwa nimejua, na nitafunga virago."

Nikamwambia kura si kipimo cha kupendwa. Akaniuliza kipimo kingine ni kipi.

Alifanya kampeni peke yake, mgombea binafsi, mlango kwa mlango kwenye mvua yao isiyokatika. Kila jioni alitusimulia. Mama, ambaye anaishi nami kwenye besmenti yetu, chini ya nyumba ya watu, alikuwa anaweka simu katikati ya meza kama redio na kutunyamazisha wote. Dada alikaribishwa kila mahali. Alipewa chai, keki, akaonyeshwa picha za wajukuu. Na kila mlango ulimwambia asiwe na wasiwasi, kura yao anayo. Hakuna hata mmoja uliomwambia hapana. Hilo peke yake lingetosha kunitia shaka, lakini mama alikuwa anashangilia, na mtu hamwagii mama yake maji baridi.

Utaratibu wa kura zao alitueleza mara mbili, nasi tukaitikia ndiyo, ndiyo, kama watu wanaoelezwa mambo ya bima. Kule mpigakura haweki tiki moja akaondoka. Anawapanga wagombea kwa namba: huyu wa kwanza, huyu wa pili, huyu wa tatu, mpaka achoke. Wanahesabu kwanza hizo namba moja. Kisha wa mwisho anatolewa, na kura zake anagawiwa yule ambaye kila mpigakura alimwandika namba mbili. Wanahesabu tena. Anatolewa mwingine, kura zinagawiwa, wanahesabu tena. Inaweza kuchukua siku mbili, tatu.

Jumamosi, ujumbe wake ukaingia kwenye kundi la familia: "Hesabu ya kwanza imeisha. Niko wa nne. Viti ni vitano."

Mama alipiga yowe mpaka mwenye nyumba akagonga sakafu kutoka juu. Sisi tumekulia mahali ambapo wa nne kwenye viti vitano ameshakaa. Nani angekaa kusubiri hesabu ya saba? Mimi mwenyewe, mjuaji wa familia, nilituma vikatuni vya vikombe vya ushindi na bendera. Dada aliandika tena kwamba bado, tutulie. Tukaona ni unyenyekevu wake tu, alivyo tangu utotoni.

Kesho yake ilikuwa Jumapili. Kanisa letu linakodi ukumbi Downsview, nyuma ya maghala, Watanzania na Wakenya pamoja. Tuna desturi moja tuliyokuja nayo kutoka nyumbani: familia yenye shukrani husimama mbele, na kanisa zima huwazunguka likiimba na kucheza. Mama alikuwa ameshampigia mchungaji simu kabla sijaamka.

"Wapendwa!" mchungaji alisema, na kipaza sauti kikapiga mluzi. "Leo tuna testimony! Binti wa mama yetu huyu, msichana wa kwetu kabisa, amekuwa councillor Ireland! Diwani! Hao wazungu wenyewe wamempigia kura! Nani kama Mungu wetu?"

Ukumbi ulilipuka. Vigelegele, makofi, kinamama wakamvisha mama kanga mabegani, moja juu ya nyingine, mpaka akaonekana kichwa tu. Mama mwenye magoti mabovu alicheza. Nami nilicheza, tena nilicheza kwa raha, kwa sababu kwa mara ya kwanza tangu nifike nchi hizi za baridi niliamini kwamba mtu wetu anaweza kukaa mahali mpaka akahesabiwa miongoni mwa wenye mahali. Binti yangu alikuwa anarekodi na simu.

"Mom, so is Auntie like the mayor now?"

"Karibu na hapo," nikamwambia. "Mtumie mama mkubwa aone."

Akamtumia.

Dada wakati huo alikuwa amesimama kwenye ukumbi wa michezo ambako kura zinahesabiwa, nyuma ya kizuizi, pamoja na wagombea wengine na ndugu zao. Haya alinisimulia baadaye. Alikuwa ameshajua tangu Jumamosi. Kule masanduku yanafunguliwa mbele ya macho ya watu, na yeye alisogea kwenye meza ya sanduku la kijiji chake. Makarani wakafunua karatasi moja baada ya nyingine. Akatafuta jina lake. Namba sita. Namba nane. Hakuna namba kabisa. Namba saba. Alisema aliendelea kusimama pale akifikiri labda zake zimelaliana chini ya sanduku.

Hizo namba moja zilizomfikisha nafasi ya nne zilitoka kwenye mji mdogo wa kata hiyohiyo, kwa Wabrazili wa kiwanda cha nyama, kwa wauguzi wa Kifilipino, kwa wakimbizi waliowekwa kwenye hoteli moja iliyofungwa. Wageni wenzake. Kijijini, wale aliowaogesha walimpa tabasamu na chai, kisha wakaenda kituoni wakampa namba moja mtoto wa jirani, namba mbili binamu wa jirani. Kwa hiyo kila mgombea alipotolewa, kura zake zilimpita dada zikaenda kwa mwenyeji mwingine. Aliyekuwa wa sita akampita. Wa saba akampita. Dada alibaki palepale na kura zake zilezile, hesabu baada ya hesabu.

Video yetu ilimfikia wakati mshindi wa kiti cha tano anatangazwa na watu wake wanambeba mabegani. Aliitazama bila sauti.

Sisi tulikuwa tumeshakaa kula. Kinamama walikuwa wamepika pilau. Simu zetu zililia kwa pamoja, za sote tulio kwenye kundi, na nikasoma: "Asanteni sana kwa kunichezea. Sikupita."

Nilimpa mama simu, kwa sababu sikuweza kuyasema. Alisoma huku midomo ikitembea. Kijiko chake kilibaki hewani. Mezani kwetu mama mmoja akasema kwa hasira, "Wameiba! Si mnajua mambo ya uchaguzi!" Na mama akalidaka neno lile kama kamba. "Wamemwibia mwanangu," akawa anasema, akimgeukia kila mtu, na kila mtu akaitikia, wamemwibia, wamemwibia, na sura zao zikapata nafuu.

Mimi nilitamani wangeiba. Kuibiwa tunakujua, kuna hata faraja yake, kwa sababu unaondoka ukiwa na haki yako mfukoni. Dada hakuibiwa. Walimhesabia kura zake polepole, kwa uaminifu, mbele ya macho yake, na yule msimamizi aliyemtangazia kushindwa alimpa mkono na kumshukuru kwa kushiriki. Utamlaumu nani? Nilisikia chuki ikinipanda na haikuwa na pa kwenda. Nilibeba sahani yangu nikaenda kuimwaga, na nilipomwona mchungaji anakuja na uso wa maombi nikajifanya nazungumza na simu.

Jumatatu dada akaenda kazini kama kawaida. Akanipigia akiwa kwenye gari, ameegesha pembeni ya njia, nasikia mvua kwenye bati la gari lake.

"Nimetoka kwa yule mzee wangu," akasema. Namjua kwa masimulizi. Ndiye anayemwita "binti yangu", ndiye aliyemng'ang'ania mkono mlangoni wakati wa msiba wa mkewe, akakataa kuguswa na mtu mwingine. "Nilikuwa namsugua mgongo. Akaniambia, nilikukumbuka, binti yangu. Nilikupa namba sita."

Nikaibana simu sikioni.

"Alikuwa amefurahi kweli. Kama mtu aliyeniwekea zawadi. Kura yake hata haikunifikia, unajua? Iliishia kwa namba moja."

"Ukamwambia nini?"

"Nikamwambia asante. Nikamkausha, nikamvalisha soksi."

Nilianza kulia, yeye halii. Hilo ndilo lililonitisha. Angalau angetukana, ningejua pa kumshika. Nikamwambia aache hiyo kazi, afunge virago kama alivyosema, aje huku, mama yupo, kanisa lipo, kwenye ghala letu wanaajiri kila wiki.

"Hapo mtaani kwako," akauliza, "ukiacha wa kanisani, ni nani anayekujua?"

Nilifikiri. Mwenye nyumba namjua kwa nyayo zake juu ya kichwa changu. Dereva wa basi la asubuhi huwa anatikisa kichwa. Msimamizi wangu kazini ananiita kwa jina la mwenzangu, na nimeacha kumsahihisha. Niliendelea kutafuta, na dada akaendelea kusubiri, kwa subira ileile anayowasubiria wazee wake wamalize sentensi.

"Mshahara huku si mbaya," nikamwambia.

"Sijakuuliza mshahara," akasema.