Aliyeng'oa Miche Yetu Kipungani

Usitikise kichwa kwanza, nisikilize. Mimi ni mtu wa misitu, kazi yangu ni kupima udongo na miti, na kanisani naenda kila Jumapili. Majini sikuwa nikiyaamini hata kidogo. Lakini hili sikusimuliwa. Nililiona kwa macho yangu, mchana kweupe, jua la utosi.

Tulikuwa tunarudisha mikoko nyuma ya kijiji cha Kipungani, pale ilipokatwa yote likabaki tope tupu. Waliopanda ni kina mama wasuka mikeka, wamezama hadi magotini, migongo inawauma. Kila tukirudi, tunakuta miche imeng'olewa na kulazwa juu ya tope, safu kwa safu. Si mawimbi hayo, niamini, mawimbi hayapangi. Bi Zainabu, kiongozi wao, akaniambia, "Mwanangu, nti hii, ardhi yote hii, ina wenyewe. Miche ikilala tena, sisi basi." Na wao wakiacha, nani mwingine atapanda? Msitu ungekuwa umekwisha, na bahari ingekula kijiji polepole. Nilichemka. Ni nani huyo anayechezea jasho la watu?

Nikaenda peke yangu maji yalipokupwa. Nikamkuta mzee wa kikoi ameinama, anang'oa.

"Wewe! Acha hiyo!"

Akainuka. Hapo ndipo nilipoona: mimi nimezama hadi mapajani, yeye amesimama juu ya tope kama yuko sebuleni kwake. Nyuma yake hakuna hata alama ya unyayo. Yesu wangu! Ungekuwa wewe ungefanya nini? Ningekimbia, ila kwenye tope lile mtu hakimbii, na hasira zilikuwa bado hazijanitoka.

"Hapa ni pangu," akasema.

"Pako kwa hati gani?"

"Huja watu wakapanda, wakapigwa picha, wakenda zao. Miche ikafa. Nimechoka kuzika."

"Hii haijafa! Unaizika hai!" nikamfokea. "Hao waliokwenda zao si mimi. Rudisha!"

"Utabaki?"

"Nitabaki. Na wewe hutang'oa tena."

Akacheka, akanipa mche mkononi. Ulikuwa baridi ajabu. Kupepesa macho, hayupo, na maji yanaingia. Nikaupanda mche ule, nikapanda na mingine iliyolala, hadi maji yakanifika kifuani. Nikaimba zaburi kwa sauti kubwa, makusudi, asikie.

Tangu siku ile hakuna mche uliong'olewa. Kina mama walirudi, na sasa mikoko imewapita kimo. Lakini mkono wangu uliopokea ule mche haujapata joto hadi leo. Nikivuka kwenda kisiwani Manda kupanda ndege, vidole vyote vinakufa ganzi, nikirudi, vinafunguka. Nimeambiwa nitafute mganga, nimekataa. Nimeletewa uhamisho, nimekataa pia. Wanasema jini amenifunga. Amenifunga wapi? Nilisema nitabaki kabla hajanigusa!

Basi wewe unayetaka kuja na fulana mpya na kamera, uchomeke mche mmoja kisha ukimbilie ndege, nakuonya: usije. Yule mzee huenda akakusamehe. Mimi sitakusamehe.