Maji Katika Dawa ya Upele

Miaka ile sabuni ilipoadimika Babati, upele uliingia karibu kila nyumba, kuanzia Singe hadi Bonga. Duka langu la dawa lilikuwa Bagara. Kabla ya kupata leseni ya kuuza mwenyewe nilikuwa nimetoa dawa katika hospitali za serikali kwa sehemu kubwa ya maisha yangu ya kazi. Watu waliniita daktari, cheo nisichokuwa nacho, nami nilikuwa nimechoka kuwasahihisha.

Dawa ya upele ilikuwa nyeupe na nzito kama maziwa, nayo ililetwa katika madumu. Chupa hazikuwapo, kwa hiyo kila mteja alikuja na yake: ya bia, ya soda, ya mafuta ya kula. Mtu mzima alijipaka dawa kama ilivyo. Mtoto mchanga akipakwa hivyo ngozi humuungua, ndiyo maana maelekezo yaliyobandikwa kwenye dumu yaliagiza dawa yake ipunguzwe nguvu kwa maji. Asubuhi nilichemsha maji nikayaacha yapoe, kisha nikawa nachanganya juu ya kaunta, mbele ya mama mwenyewe. Sikuona sababu ya kujificha.

Mji wetu, hata hivyo, ulikuwa umezoea kuuziwa maziwa yaliyotiwa maji. Aliyeniona nikimimina maji katika kitu cheupe alijiona ameshuhudia wizi anaoujua tangu zamani. Maneno yakatoka dukani yakafika bombani, yakatoka bombani yakafika sokoni, na kila yalipopita yaliongezewa: mara nawapunja watu wote, mara nauza chokaa. Hakuna hata mmoja wa wasemaji hao aliyekuja kuniuliza.

Afisa wa afya alipokuja hakufungua dumu wala kuchukua dawa ya kwenda kupimwa. Alinikabidhi barua iliyosema kwamba leseni yangu imesimamishwa kutokana na malalamiko ya wananchi, akaanza kufunga mlango kwa lakiri.

"Wananchi gani?" nilimwuliza.

"Mzee, mji mzima unasema."

"Nitajie mmoja. Mmoja tu, aliyenunua."

"Hayo utayaeleza huko juu."

Niliwaandikia wa huko juu, nikaandika tena. Hawakujibu. Ndipo nilipopanda basi kwenda Arusha kumtafuta wakili.

Wakili huyo alikuwa mnene, mcheshi, na alisikiliza kisa changu huku akimenya karanga. "Shauri lako jepesi," alisema. "Tutaiomba mahakama ifute amri hiyo kwa sababu hukusikilizwa kabla ya kuadhibiwa. Basi."

"Na maji?"

"Maji tuyaache. Ukiyataja, wataita wataalamu, dawa ipelekwe Dar es Salaam kupimwa, na sisi tukae tukisubiri gari lipate petroli. Utazeeka."

"Nimekwisha kuzeeka. Nataka iandikwe kwamba sikumwibia mtu."

Akacheka. "Mzee wangu, unataka leseni au cheti cha utakatifu? Maana hicho cha pili mahakamani hakitolewi."

Nilikuwa na watoto shuleni na duka lililofungwa. Nikatia sahihi.

Siku ya kusikilizwa, jaji alimtazama wakili wa serikali juu ya miwani. "Mtu huyu aliitwa lini kujieleza?"

"Mheshimiwa, hali ilikuwa ya dharura."

"Sikuuliza hali. Nimeuliza lini."

Hakuitwa, alikiri wakili. Amri ikafutwa. Jaji akaongeza, kwa lugha safi ambayo sina kosa la kuitafutia, kwamba mahakama haisemi lolote kuhusu ukweli au uongo wa malalamiko yale, kwa kuwa haikuombwa kuyaamua. Nilikuwa nimekaa benchi la mbele. Wakili wangu alinibana mkono kwa furaha.

Afisa yule yule ndiye aliyekuja kuondoa lakiri. Jirani yangu, mfanyabiashara wa vitambaa niliyekunywa naye kahawa kwa miaka mingi, alitoka dukani kwake akiwa na futi ya kupimia shingoni.

"Hongera, daktari! Wakili wako kiboko. Amekuchomoa!"

"Hakunichomoa popote. Sikufanya kosa."

"Mahakama imesema hivyo?"

Aliuliza bila chuki, kama mtu anayeulizia bei ya mchele. Hilo ndilo lililoniuma. Kama angekuwa adui ningejua la kumjibu.

"Haikuulizwa," nilisema.

Akapiga makofi. "Si ndiyo hapo! Kiboko!"

Afisa naye alitabasamu, akaweka vipande vya lakiri mfukoni. Niliwapita wote wawili, nikaingia ndani, nikaanza kutenga dawa zilizokwisha muda wake.