Sikio la Kushoto la Munojat

Munojat alipoolewa mjini Margilan, hakuna aliyeambiwa kwamba sikio lake la kushoto ni pambo tu. Lilikufa kwa homa akiwa mdogo. Wahenga walisema mficha uchi hazai, lakini mama yake aliigeuza methali: zaa kwanza, ndipo ufichue. "Mkazamwana mwenye kasoro hurudishwa na masanduku yake," alimwonya. Washenga waliuliza mapishi, wakauliza meno, wakauliza hadi ukoo wa bibi. Nani huuliza masikio ya bibi harusi?

Basi akaishi kwa hofu. Akifagia ua, alijibanza ukutani ili mama mkwe, Hosiyat, asimjie upande wa kushoto. Akimimina chai, alikaa ukingoni mwa mkeka, watu wote wakiwa upande wake wa kulia, nao wakamsifu kwa unyenyekevu.

"Huyu mtoto mpaka umwite mara mbili," Hosiyat alisema siku moja. "Ni maringo au mawazo?"

Munojat alicheka tu.

Mumewe, Ergash, alikuwa mfumaji wa hariri, mtu asiyependa maneno mengi. Asubuhi moja alikaa mbele yake uani, macho mekundu, mkate hajaugusa.

"Hukulala?" Munojat aliuliza.

"Nilale vipi? Jana nimekutolea yote ya moyoni, nawe kimya. Hata kulia hukulia. Niambie basi, utakaa nami au utarudi kwenu?"

Ndipo Munojat akakumbuka. Usiku alikuwa amelalia sikio la kulia, lile zima. Alihisi pumzi ya moto shingoni, akadhani ni mahaba, akamshika mkono, akasinzia.

Angeweza kujibu "nitakaa" yakaisha. Lakini akae na nini? Mke mwingine? Maradhi? Damu ya mtu? Akasogea karibu.

"Bwana, sikio hili halisikii. Tangu utotoni. Tuliwaficha. Naogopa, lakini ndiyo hivyo. Niambie tena, upande huu."

Ergash alimkazia macho. Kisha mabega yakamshuka kama mtu aliyetuliwa gunia.

"Kwa hiyo hukusikia hata neno?"

"Hata moja."

"Basi hapakuwa na neno." Akamega mkate. "Kunywa chai, inapoa. Siri ya sikio lako nitakutunzia."

Tangu siku hiyo Munojat hulalia sikio la kushoto, lile zima likiwa juu, akingoja. Ergash hulala ameelekea ukutani.