Kahawa ya Mgeni

Ulaya ninakoishi, kila yanapofunguliwa maonyesho ya michoro na filamu zangu, hubandikwa kikaratasi ukutani: msanii mhamiaji. Nikilalamika wananiambia eti ni sifa. Basi wabandike, nimeshawazoea. Lakini kuitwa mgeni Kashozi, kwenye kibanja cha migomba cha baba yangu, hilo lilinichoma.

Nilikuja kutengeneza filamu kuhusu watu na kwao. Nilianzia visiwani Muleba, kwa wavuvi na wachuuzi wa samaki waliotoka kila upande. Mama mmoja alinisogezea kigoda, kisha akanipa kisu nimsaidie kuparua sato. Hakuniuliza kwetu ni wapi. Nilishinda nikinuka samaki, na nilifurahi kweli.

Kashozi mambo yakawa mengine. Baba alishafariki, na nyumba anaiangalia mdogo wake. Nilikuta sebule imetandikwa majani mabichi, ndugu wamekaa wima utadhani wanamsubiri askofu. Nikasimamisha kamera pembeni, nikaiwasha, nikaelekea jikoni kumsaidia shangazi kumenya ndizi. Baba mdogo akanirudisha.

"Kaa, kaa. Wewe ni mgeni wetu." Akakohoa, akaigeukia kamera. "Leo tumepata mgeni kutoka Ulaya."

Mgeni! Mimi niliyezaliwa chumba cha nyuma cha nyumba hiyohiyo, nikapokelewa na shangazi huyohuyo!

Ikaletwa akamwani, kahawa ya kutafuna, ile ya kuchemshwa na kukaushwa, ndani ya kikapu kidogo. Kwetu mwenye nyumba ndiye humpa mgeni. Baba mdogo alininyooshea kwa mikono miwili, na wote wakanitazama. Nikichukua punje, nimekubali kwamba hapa napita tu, tena mbele ya kamera yangu mwenyewe. Nikikataa, nimemtukana mbele ya ukoo. Hasira zilinipanda mpaka masikio yakawa ya moto.

Nikakipokea kikapu chote. Nikapiga magoti mbele yake, kama binti wa Kihaya anavyofundishwa, nikamnyooshea.

"Karibu kahawa, baba mdogo. Jisikie nyumbani."



"Akamwani unanipa wewe?" aliuliza.

"Nani mwingine akupe? Mwenye nyumba hayupo. Mimi ni mtoto wake."

Sikuishusha mikono. Angenifukuza siku hiyo, ningeondoka na kikapu mkononi.

Shangazi alikuwa ametokea mlangoni, kisu cha ndizi mkononi bado kimegandwa na utomvu. "Wewe nawe, chukua!" alimfokea mdogo wake. "Unamuumiza mtoto magoti."

Baba mdogo alichukua punje mbili. Akatafuna taratibu, akitazama ukuta, wala hakutabasamu. Halafu akanikaripia kwa sauti ileile anayoitumia kwa wanawe:

"Sasa unangoja nini hapo? Inuka, wape na wengine."