Sakafu ya Mavi ya Chuma

Mwezi uliopita nilikwenda kutalii mahali nilipokulia. Usicheke. Jumuiya yetu ya hapa Mpanda iliamua kwamba sisi wazee nasi tutoke siku moja tukaone mambo ya kale, badala ya kukutana misibani tu. Tukakodi Kosta, tukabeba wali na maharage kwenye hotipoti, tukasali rozari kuanzia mjini mpaka daraja la Sitalike, na pale tukanyamaza kidogo ili kila mtu aangalie viboko. Ndani ya hifadhi tulifunga madirisha kwa sababu ya mbung'o, tukaiva kwa joto. Kabla ya saa tano tulikuwa Mpimbwe, tumesimama mbele ya tanuru la kale la kuyeyushia chuma, lile ambalo kwetu liliitwa ilungu, na binti mwongozaji mwenye kofia pana akawa anatueleza.

Alieleza vizuri, simnyimi sifa yake. Alisema limejengwa kwa udongo wa kichuguu, likawa refu kuliko watu wawili, lina milango midogo kuzunguka chini, na upepo uliingia wenyewe kwa mirija ya udongo, bila mtu kuvuta mivukuto. Alituonyesha hata alama za vidole vya waliolisiriba. Kisha akatuzungusha mpaka upande wa magharibi, ambako ukuta una pengo la kumtosha mtu mzima kupita.

"Hapa ndipo nyie wazee wangu mnaona uharibifu," akasema. "Hii ni mifugo. Ng'ombe walipohamia huku wakawa wanajikuna hapa, yaani mpaka ukuta ukaanguka. Mwezi ujao tunaweka kibao. Maneno nimeshayaandika." Akatuonyesha daftari lake.

Kando yangu alikuwa jirani yangu, mama wa Kisukuma ambaye ukoo wake uliswaga ng'ombe kutoka kaskazini mpaka huku. Mimi na yeye tunataniana kila siku ya Mungu. Akanigusa kwa kiwiko.

"Umesikia, mtani? Treni ikichelewa, ng'ombe wetu. Mvua ikikosa, ng'ombe wetu. Sasa na hili."

Watu wakacheka, naye akacheka. Lakini nilimwona akirudi nyuma ya kundi, akajifanya anafunga khanga yake vizuri.

Mimi sikucheka. Pengo lile nilijua lilivyopatikana. Mkono wa kwanza kulipiga ulikuwa wangu.

Nililelewa na bibi. Shamba lake la mpunga lilikuwa karibu sana na ilungu lile, ukiita mtu anakusikia. Mpunga ukianza kushika punje, tulikwenda kuamia ndege tangu alfajiri. Kazi yangu ilikuwa kupiga debe bovu na kurusha madongoa kwa kombeo. Kazi ya bibi ilikuwa kupalilia pembeni na kuniamsha. Mchana tulikula kiporo cha ugali kilichobanikwa juu ya makaa, na kambale mkavu ambaye harufu yake ilikaa vidoleni mpaka jioni hata ukinawa mara tatu. Mvua ikitukuta tulikimbilia ndani ya ilungu. Juu lilikuwa wazi, lakini ukijibanza ukutani ulilowa upande mmoja tu. Kulinukia kama chungu kipya kilichotiwa maji kwa mara ya kwanza.

Baba yake bibi alikuwa mmoja wa wafua chuma wa mwisho pale. Bibi alisema siku za kuyeyusha, wanawake na watoto hawakuruhusiwa kusogea. Yeye na mama yake waliweka chakula njiani, wakarudi bila kugeuka. Baada ya siku nyingi baba alitokea, macho mekundu kama mtu aliyelia. Baadaye yalikuja majembe ya dukani, moto ukazimwa. Baba yake akaenda kutafuta kazi mbali, akafia huko, na hakuna aliyejua alizikwa wapi. Kwa hiyo bibi hakuwa na kaburi la kufagia. Kila asubuhi tulipofika shambani alikwenda kwanza kwenye ilungu, akaweka kiganja ukutani, akasema, "Baba, tumeamka." Alisema hivyo bila huzuni, kama unavyomsalimu mtu aliyeketi mlangoni.

"Usilete wenzako hapa," aliniambia. "Watoto hawajui kuacha kitu kizima." Nikaahidi.

Mwaka ule nilikuwa najiandaa kwa komunyo ya kwanza. Kigango chetu, kanisa dogo la kijiji, kilikuwa cha miti na nyasi, na sakafu ya vumbi. Katekista, ambaye sote tulimwita mwalimu, alikuwa mtu mwembamba, mwenye sauti kubwa kuliko mwili wake. Alitufundisha maswali na majibu ya katekisimu mpaka tukawa tunayajibu usingizini. Namshukuru hadi leo, maana sala ninazosali nilipewa na yeye. Bibi hakuwa amebatizwa. Jumapili alinisindikiza, kisha akakaa nje chini ya upenu wa nyasi, akamenya karanga mpaka tutoke.

Padri alikuwa anakuja kwetu kwa nadra sana. Wiki chache kabla hajafika, mwalimu alitaka tumpokee kwenye sakafu ya kushindiliwa. Akatangaza kwamba kila mtoto wa komunyo alete vikapu vitano vya mawe kabla ya Jumamosi. Asiyeleta angesubiri ziara nyingine ya padri, na hakuna aliyejua ingekuwa lini.

Sasa wewe kama unaijua Mpimbwe, unajua tatizo lilikuwa nini. Bonde lile ni udongo mtupu. Unaweza kulima asubuhi mpaka jioni jembe lisigonge jiwe. Mawe yalikuwa milimani, na huko watu wazima wenyewe walikwenda kwa makundi kwa kuogopa simba. Tulihangaika siku mbili, tukapata changarawe za kujaza kofia. Siku ya tatu wenzangu walianza kulia. Mimi nilikuwa nimeshashonewa gauni jeupe. Nikasema, "Najua mahali."

Tulianza na mavi ya chuma. Usinune, ndilo jina lake. Ni yale makapi meusi yanayobaki chuma kikishatoka, mazito, yanang'aa kama kioo, na yalikuwa yamerundikana kuzunguka ilungu. Tulijaza vikapu tukaenda navyo mbio.

"Mwalimu, tumeleta mavi!" mwenzangu mmoja akaropoka kabla hatujatua.

"Mavi ya nani?"

"Ya chuma, mwalimu."

Tulicheka mpaka mmoja wetu akakaa chini. Mwalimu aligeukia ukuta, nikaona mabega yake yanatikisika. Alipotugeukia tena uso ulikuwa wa kazi. "Mkiwa ndani ya kanisa mtayaita mawe," akasema.

Lakini hayakutosha. Jumamosi asubuhi kila mmoja wetu alikuwa anadaiwa vikapu viwili. Bibi alikuwa amekwenda kumwona mgonjwa kijiji cha pili. Tulisimama mbele ya ilungu tukatazamana. Ule ukuta ulikuwa umeungua miaka mingi, mgumu kama tofali, na hakuna aliyethubutu. Mimi nikachukua mchi tuliokuja nao kupondea makapi, nikapiga. Ukuta haukuvunjika mara ya kwanza. Nikapiga tena, kipande kikadondoka, kwa ndani kilikuwa chekundu kama nyama. Baada ya hapo wote walikuja, na kazi ikawa nyepesi. Tuliimba hata nyimbo za Bikira Maria. Kufika mchana vikapu vilitimia, na ilungu lilikuwa na mlango mpya.

Padri alipofika aliungamisha watoto wote. Niliungama sukari niliyolamba na uongo niliomwambia shangazi. Ilungu sikulitaja. Kwa akili yangu, jambo lililofanyika kwa ajili ya kanisa haliwezi kuwa dhambi, hata kama ndani yake kuna ahadi iliyovunjwa.

Bibi aliliona pengo siku ile aliporudi, nilijua kwa kuwa alipita shambani kabla ya kufika nyumbani. Hakuniuliza. Jioni alinipakulia kichwa cha kambale kama kawaida, kile nilichokipenda. Nilikula nikiwa nimeinamisha uso, na kila nilipomeza nilisubiri aseme.

Siku ya komunyo alinisindikiza, lakini hakukaa upenuni. Alisimama mlangoni, akaangalia ndani. Sakafu ilikuwa imeshindiliwa vizuri, na karibu na altare makapi meusi yalichomoza kwenye udongo yakimeta. Bibi akaingia, mara ya kwanza katika maisha yake. Akapita katikati ya watu wote, akainama, akaweka kiganja chini.

"Kumbe baba amehamia huku," akasema.

Akakaa palepale. Alikaa palepale kila Jumapili, akabatizwa miaka ya baadaye, na akaagwa akiwa amelazwa juu ya sakafu ileile. Mpaka leo sijui kama siku ile alinisamehe au alinisuta. Alikuwa mtu wa kusema kidogo.

Ng'ombe wa kwanza wa Kisukuma kuonekana kijijini kwetu niliwaona nikiwa nimeshaolewa, mtoto wa pili mgongoni. Walilikuta pengo.

Hayo yote yalinipita kichwani huku binti akiendelea kueleza habari ya mirija. Ningenyamaza, hakuna ambaye angejua. Nikanyoosha mkono kama mwanafunzi.

"Mwanangu, futa hayo maneno ya ng'ombe. Ukuta huu tuliubomoa sisi watoto wa kigango, tukajengee sakafu ya kanisa. Mimi ndiye niliyeanza."

Mwenyekiti wetu wa jumuiya akakohoa. "Dada, hayo ni mambo ya kanisa, tutayazungumza nyumbani."

"Nyumbani hakuna kibao," nikamwambia.

Binti alikuwa ameshika kalamu hewani. "Sasa bibi, niandike nini? Niandike watoto gani?"

"Andika Wakatoliki!" jirani yangu akasema kwa nguvu kutoka nyuma, na safari hii kicheko chake kilikuwa cha kweli. Akapenya mpaka mbele, akanishika mkono. "Mtani, miaka yote hiyo umeniachia mzigo wako? Mimi na ng'ombe wangu?"

"Nisamehe," nikasema, na sikuwa natania.

"Nitakusamehe, lakini kwa jogoo." Hakuuachia mkono wangu mpaka tukarudi kwenye gari.

Kabla ya kuondoka niliomba tupite kigangoni. Sasa pana kanisa la bati na vigae vyeupe, zuri, linapokea watu wengi, na namshukuru Mungu kwa hilo. Niliuliza sakafu ya zamani ilikwenda wapi. Mlinzi akasema walipochimba msingi mpya, kifusi kilimwagwa barabarani kuziba mashimo. Nilitembea kidogo pembeni ya barabara ile nikitazama chini. Kulikuwa na kokoto za lori na mifuko ya plastiki. Nyasi za paa hakuna, upenu wa kumenyea karanga hakuna, na mpunga siku hizi unaamiwa na kanda za kaseti zilizofungwa kwenye vijiti, zikilia kwa upepo. Nikiwa pale niliongea na bibi kimoyomoyo. Nilimwambia baba yake amehama tena, na kwamba safari hii sihusiki.

Nilipofika Mpanda nilikwenda kuungama. Padri ni kijana, alinisikiliza kwa adabu, akanipa sala fupi ya malipizi. Ilinichukua muda mfupi kuisali kuliko muda niliokaa na dhambi ile.

Juzi yule binti alinitumia picha kwenye simu. Kibao kimewekwa. Jirani yangu hakusoma shule, kwa hiyo nilikwenda kwake na jogoo mkono mmoja na simu mkono wa pili, tukakaa uani nikamsomea: kwamba tanuru hili lilijengwa na wafua chuma wa Mpimbwe, na kwamba sehemu ya ukuta wa magharibi ilichukuliwa na watoto wa kigango kutengenezea sakafu ya kanisa lao.

Alisikiliza akiwa amefumba macho, jogoo kwapani.

"Soma tena," akasema. "Pale pasipo na ng'ombe."

Nikamsomea tena. Pasipo na ng'ombe pameandikwa watoto, na katika watoto wale nimebaki mimi.