Niliyemtanguliza kwa Patron

Binamu yangu alinifuta Jumamosi moja asubuhi, wakati mimi niko nyuma ya nyumba nafua suruali zake.

Alikuwa mtoto wa kwanza wa shangazi. Mimi nililelewa kwao, mtaa wa Gasenyi, tangu vita viwatawanye wazazi wangu, na mtu anayelelewa kwa watu hujifunza mapema kushika sabuni. Mjomba wake aliyekuwa Ubelgiji alimtumia mashine ndogo ya mchezo, ya kushika mkononi, yenye kioo kidogo kama kiberiti. Tuliiita jeu, kwa Kifaransa. Ndani yake unafuga mazimwi. Unayakamata porini yakiwa madogo, unayapiganisha na mengine mpaka yapate nguvu, unachagua sita ya kwenda nayo vitani, na mwisho kabisa unakutana na bingwa ambaye sisi tulimwita Patron.

Kukuza mazimwi kunachosha kuliko kuchambua mchele wenye mawe. Unapigana na kadudu kamoja mara mia ili zimwi lako lipande ngazi moja. Kazi hiyo binamu aliniachia mimi. Kwa miezi minne nilikaa kando ya sufuria ya maharage nikibonyeza hadi kidole gumba kikaota sugu. Yeye akirudi kutoka shuleni alichukua jeu, akatazama nguvu zilivyoongezeka, akaniambia nikamletee maji ya kuoga.

Jumamosi hiyo alialika rafiki zake waje wamwone akimpiga Patron. Mmoja alitoka mbali, Kinanira, na kwao kulikuwa na jenereta, kwa hiyo kila mtu alitaka kumfurahisha. Binamu alitanguliza zimwi langu kubwa kuliko yote, lile lililonila wiki sita. Likachomwa mara moja tu, likaanguka. Mengine yakafuata. Nikamsikia binamu dirishani akijitetea.

"Ni uyu mutoto mwanamuke ameharibu. Mikono yake ni ya kufula manguo, si ya kazi hii."

Wakacheka wote, na yule wa Kinanira akacheka zaidi. Ili kuwaonyesha namna ya kufanya kazi vizuri, binamu akaanza mchezo upya palepale na kuuhifadhi. Mashine ile huhifadhi mchezo mmoja tu. Ukianza mwingine, wa kwanza umekwenda. Miezi yangu minne iliondoka wakiwa bado wanacheka, na wala hakuona sababu ya kuja kuniambia.

Sikulia. Nilichukua suruali yake nzuri ya kitambaa cha tergal, ile ya kwendea kanisani, nikaisugua kwenye jiwe mpaka magotini ikabaki nyepesi kama karatasi ya sigara. Ilimpasukia kanisani Jumapili ya pili, alipopiga magoti. Haikunitosha.

Mwaka ule vijana waliomaliza sekondari walipelekwa jeshini kwanza kabla ya kuingia chuo kikuu. Zamu ya binamu ilifika. Alifunga jeu ndani ya sanduku lake la bati, akatia kufuli, akampa mama yake ufunguo, naye akaufunga kwenye pindo la kitenge. Nilingoja siku kumi. Kisha nikamwambia shangazi kwamba nguo za kijana wake zitaota ukungu tusipozianika. Akanibariki kwa moyo wangu mwema, akafungua pindo. Nilitoa jeu sandukuni, nikafuta mchezo wa binamu kabla hata sijakaa chini, na raha niliyoisikia siwezi kuikana hadi leo.

Kisasi changu nilikipanga kwa namna ya kwetu. Mlimani alikozaliwa baba, mtu akikosana na jirani hamtukani usoni. Anafuga mbwa, anampa jina lenye maneno, na kila jioni anamwita kwa sauti ya kuvuka ua. Bibi yangu alikuwa na mbwa ambaye jina lake lilimaanisha Mlisema Sitafika. Jirani yake akafuga wa kwake, akamwita Bado Tunangoja. Wazee hao wawili hawakusemezana miaka yote hiyo, lakini mbwa wao waliitwa mpaka mtaa mzima ukajua shauri lote.

Kijitabu kilichokuja na jeu kilionyesha kwa picha kwamba ukimshinda Patron, mazimwi yako sita hupita kwenye kioo moja baada ya jingine na majina yake, na orodha hiyo hubaki humo. Mashine iliruhusu jina la herufi kumi. Kwa hiyo nikakamata sita, nikayapa majina kwa mpangilio huu: ULINIFUTA, NIMERUDI, MIKONO, HII, IMESHINDA, TAZAMA. Binamu angerudi likizo, angefungua sanduku lake mbele ya rafiki zake, angesoma.

Ilibaki kazi ya kumpiga Patron mwenyewe. Yeye alikuwa na mnyama mmoja tu, mjusi mwenye mabawa, na moto wake ulimwangusha yeyote kwa pigo moja. Wavulana wa mtaa wetu wote walikuwa na mbinu ileile ya binamu: mtangulize mkubwa ili Patron aogope. Patron ni mashine, ataogopa nini? Nilikwenda kwake nikashindwa, nikarudi nikashindwa, kila mara nikiandika nyuma ya daftari la binamu la jiografia alichofanya. Hapo ndipo nikagundua kwamba ule moto una hesabu. Aliutoa mara nane, wa tisa hakuwa nao. Baada ya hapo aliuma tu, na kuumwa kunavumilika.

Basi niliacha kumtafutia mkubwa, nikamtafutia wa kufa. ULINIFUTA lilikuwa zimwi dogo lenye masikio marefu, nikakataa kulikuza makusudi. Lilikuwa na mambo mawili tu: mbio na sumu. Likitangulia, liliwahi kumtemea mjusi sumu, kisha moto ukaja, likaanguka. Mchezo una dawa ya kuinua aliyeanguka. Nililiinua, likachomwa tena. Dawa saba, maanguko manane, na moto wa Patron umekwisha huku sumu ikimla taratibu. Ndipo yale matano ya maana, ambayo hayajaguswa hata unyoya, yanaingia kumaliza.

Na kila lilipoanguka, nilisema kwa sauti: na wewe hivyo hivyo. Sikuwa nasema na zimwi. Nilimwona binamu kabisa, na suruali yake ya kanisani, akichomwa na kuinuliwa ili achomwe tena. Miezi mitatu nilikaa na sala hiyo mdomoni.

Betri ndizo zilinisumbua. Nilizianika juani, nikaziuma kwa meno, na zilipogoma kabisa nikachukua za redio ya shangazi. Redio hiyo ndiyo ilimwambia kila asubuhi barabara ipi imefungwa, kabla hajapeleka ndagala, dagaa zake za biashara, sokoni Mutakura. Siku moja ilikaa kimya kwa sababu yangu, akatoka bila kujua lolote, akakutana na risasi njiani. Alirudi mbio bila viatu, na beseni tupu, akamshukuru Mungu mbele yangu. Nilimchemshia chai. Betri zake nilikuwa nazo ndani ya soksi, na sikuzirudisha, kwa kuwa nilikuwa nimebakiza kidogo tu.

Nilimpiga Patron mchana wa siku iliyofuata, mvua ikipiga bati hata nisisikie muziki wa ushindi. Majina yangu sita yakapita kwenye kioo. Niliyasoma kwa sauti, polepole, kama bibi akiita mbwa wake. Kisha nikakusanya dawa nyingine saba ili nije nirudie pigano mbele ya binamu na rafiki zake, waone kwa macho. Nikarudisha jeu sandukuni na betri kwenye redio, nikaanza kumngoja kwa hamu ambayo hata mama yake hakuwa nayo.

Alirudi kabla ya likizo. Alishushwa kwenye kamioneti, gari dogo la mizigo, mbele ya ua, amekonda, na mkono wa kulia wa shati lake umekunjwa na kubanwa kwa pini. Kiganja hakikuwepo. Shangazi alianguka chini, majirani wakaja kuomboleza naye, nami nikapitisha chai.

Nitasema ukweli: hasira ilinifika kabla ya huruma. Nilikuwa nimemwandalia kijana yule pigo langu, la haki, nililolitolea jasho, na mtu mwingine nisiyemjua amewahi kumpiga, tena kupita nilivyotaka mimi. Mtu wa namna hiyo utamwekaje mbele ya maneno MIKONO HII IMESHINDA? Aliniibia miezi minne, sasa ameniibia na kisasi. Nilimwonea uchungu na nikamchukia kwa kunifanya nimwonee uchungu.

Aliiulizia jeu mara tatu. Nikamwambia betri hakuna, na kwamba sokoni nako hakuna. Ningeweza kuifuta orodha ile kwa kuanza mchezo upya, dakika mbili tu. Nilifika mpaka kwenye sanduku. Sikuweza kujifuta kwa mkono wangu mwenyewe.

Alasiri moja nilikuwa nyuma ya nyumba nafua, kama kawaida. Nilipoingia kuchukua sabuni nilimkuta ameketi juu ya sanduku, redio iko wazi kando yake bila betri, jeu ameibana kati ya magoti, anabonyeza kwa kushoto. Alikuwa amefika TAZAMA. Alirudi mwanzo, akasoma tena yote sita. Nilisimama mlangoni povu likinidondoka vidoleni, nikingoja anitukane, na nilitamani sana anitukane.

Akauliza tu nilimpiga Patron namna gani.

Nilikuwa nimeapa kutomwambia. Lakini mdomo ulikuwa unaniwasha, na nilitaka asikie jinsi yeye na wenzake walivyokuwa wajinga. Nikamwambia bila kumpunguzia.

"Mi natanguliza ile kadogo kabisa. Haiko na nguvu, kazi yake ni kupigwa tu. Inaanguka, naiinua, wanaipiga tena, mpaka moto ya Patron inaisha. Zile za maana zinabaki nyuma."

Akaitazama ile pini ya shati.

"Sisi pia ni vile walitupanga," akasema. "Banyeshuri mbele, bakubwa nyuma." Wanafunzi mbele, wakubwa nyuma. Kisha akanyoosha kidole kwenye jina la kwanza. "Iyi ungeiita jina yangu."

Hakujua kwamba nilikuwa nimeliita hivyo. Kila siku, miezi mitatu, kwa sauti, na sikujua alikuwa kwenye kilima gani wakati huo.

Alinipa jeu, akaniomba nimpige Patron yeye aangalie. Nikafuta mikono kwenye kitenge, nikaketi kando yake juu ya bati. ULINIFUTA likatoka mbele, likatema sumu yake, moto ukaja, likaanguka. Yale maneno, na wewe hivyo hivyo, sikuyasema. Binamu akainama karibu na kioo akingoja, kisha akaniuliza kwa nini siliinui.

Nikamwambia dawa zimekwisha. Zilikuwepo saba.