Vilasini na Sari ya Taraza ya Dhahabu

Vilasini, jirani yetu hapa Ottapalam, alianza kuigiza umama kabla hajatimiza miaka thelathini. Kila filamu ilipotaka mama wa kulia, aliitwa yeye, akavishwa sari nyeupe kavu ya mjane, maana mama wa kwenye filamu hafiki mbali kabla hajafiwa na mume. Kazi ikiisha aliivua upesi kama nguo yenye upupu. Akajifunga sari yake mwenyewe ya pamba, rangi ya maziwa, yenye taraza pana ya dhahabu pindoni, marinda yamelala sawasawa, asumini kwenye fundo la nywele.

Kisha Divakaran, mumewe, akafa kweli. Mwaka uliofuata Anjana, mpwa wa marehemu, akaposwa. Mama yake Anjana, Kamalakshi, dada wa marehemu, akamletea Vilasini sari nyeupe pe.

"Wifi, utavaa hii. Na ukae nyuma, usiguse taa ya harusi. Si unawajua watu?"

"Watu, au wewe?"

"Mjane na dhahabu! Na maua! Unatafuta mume na mvi hizo?"

"Nikimpata nitakuletea umkague. Nguo hii nimeivaa miaka yote kwa kulipwa, wifi. Bure siivai."

Siku ya harusi akaja na sari mpya, taraza inang'aa, asumini kichwani, na tone jekundu kwenye paji la uso kama mke mwenye mume. Kamalakshi akamzibia mlango wa ukumbi.

"Rudi ukabadilishe."

"Sari hii kaninunulia kaka yako kabla hajafa, nivae siku ya harusi ya mtoto huyu. Yeye kashasema. Nipishe."

Lakini mimi nilikuwa ubavuni pake, niliona alivyoyakamata marinda yale kwa mkono.

Anjana akatokeza kichwa kutoka chumba cha bibi harusi. "Mkazamjomba, njoo uniwashie taa."

"Anjana! Unataka mkosi?"

"Mama, asipoiwasha yeye, mimi sitoki humu."

Kamalakshi akasogea. Vilasini akainama, akawasha tambi za taa moja baada ya nyingine, bila haraka.

Shangazi wawili wa Anjana waliondoka bila kula. Kamalakshi hajamsemesha hadi leo; wakikutana njiani huvuka upande wa pili. Nilimuuliza Vilasini kama hajuti.

"Inauma, shoga," akasema. "Miaka yote tulikuwa tukipika pamoja. Lakini ile nguo nyeupe ningeivaa siku moja tu, wasingeniacha niivue tena."